Ugomvi wa ndoa na kesi za polisi: Mama mkwe ameingiaje?

 

Ndugu msomaji, katika makala haya nataka tujifunze pamoja juu ya jambo linalozisumbua familia nyingi za Kiislamu mijini. Ndoa ikiingia katika mgogoro, upande mmoja unakimbilia kituo cha polisi. Hilo peke yake si kosa. Tatizo ni kwamba mtu anakwenda kumshitaki mwenzi wake, anarudi akiwa ameandikisha majina matano: mume, mama mkwe, baba mkwe, wifi na shemeji. Je, Uislamu unasemaje juu ya hilo? Na sheria ya nchi inasemaje?

Mimi ni mwalimu wa Maarifa ya Uislamu katika shule ya sekondari hapa Dodoma. Jioni nina darasa la watu wazima msikitini. Anayefundisha dini hakosi kuletewa mambo ya ndoa, hata akiwa kijana. Lakini ninayoandika leo sikuyapata darasani peke yake. Mengine niliyatenda kwa mkono wangu, na nitayaeleza.

Hali ilivyo

Dodoma ya leo si ile waliyoizoea wazee wetu. Tangu Serikali ilipotangaza mwaka 2016 kuhamia hapa, na mji ukapewa hadhi ya jiji mwaka 2018, watu wamemiminika kutoka kila upande. Kijana anatoka Kondoa, binti anatoka Singida au Tabora, wanakutana hapa, wanaoana, wanapanga vyumba viwili Nkuhungu au Chang'ombe. Familia zao zilionana siku ya posa na siku ya nikahi, basi. Wakigombana usiku, hakuna babu wala shangazi wa kubisha hodi. Kituo cha polisi ndicho kilicho karibu.

Malalamiko yanayofikishwa huko ni ya aina nyingi. Mke anapigwa, anaripoti shambulio, na ndugu wa mume wanaunganishwa kwamba walisaidia. Mke anahama na kitanda, friji na jiko la gesi, mume anaripoti wizi na kumtaja baba mkwe kuwa amepokea mali ya wizi. Mtoto anapelekwa kwa bibi yake, mzazi wa upande wa pili anasema ameibiwa mtoto. Maneno makali yanatolewa kwenye simu, yanageuka kesi ya kutishia kuua. Wanaume wanafanya hivyo na wanawake wanafanya hivyo. Mara nyingi nyuma yao kuna ndugu anayesema: "Hawa tuwaonyeshe."

Niliyoyafanya mimi

Miaka michache iliyopita mdogo wangu wa kike alipigwa na mumewe. Alipigwa kweli. Uso ulivimba, mkono ukateguka. Tulikwenda polisi, tukapewa PF3, tukaenda hospitali. Mpaka hapo tulikuwa katika haki.

Tuliporudi nyumbani, baba yetu mdogo akasema tusimwache salama yule mama mkwe, kwa sababu ndiye anayemharibu mwanawe. Akaongeza na wifi. Ni kweli kwamba wiki moja kabla mama huyo alimsema mdogo wangu maneno ya kumuumiza mbele ya majirani. Lakini siku ya kipigo alikuwa kijijini kwake Kondoa, na sote tulilijua hilo. Wifi alikuwepo, ila alikuwa jikoni, na ndiye aliyepiga kelele majirani wakaja.

Mimi ndiye msomi wa familia, mwenye shahada ya chuo kikuu. Nikaambiwa nimsaidie mdogo wangu kupanga maelezo atakayoyatoa. Nikachukua kalamu, nikaandika kwamba mama mkwe aliamrisha na wifi alimshika mikono. Mdogo wangu akasema: "Kaka, mama hakuwepo." Nikamjibu anyamaze, kesi za namna hii ndivyo zinavyoendeshwa.

Wifi alilala mahabusu usiku mmoja. Bibi mwenye umri wa zaidi ya miaka 70 alitolewa kijijini akapanda gari mpaka mjini, presha imempanda, kuja kuandika maelezo kama mtuhumiwa. Kesi ikafika mahakamani. Mdogo wangu alipoapa na kuanza kuulizwa maswali, hakuweza kuusimamia uongo niliomwandikia. Aliulizwa mama mkwe alisimama upande gani wa chumba. Akanyamaza, kisha akasema: "Hakuwepo." Akaulizwa juu ya wifi, akasema hakumshika.

Ndugu msomaji, unajua kilichofuata? Hakimu alisema shahidi huyu hawezi kuaminika. Wote wakaachiwa huru, na mume aliyempiga naye akaachiwa. Mkono ulioteguka ulikuwa wa kweli, PF3 ilikuwa ya kweli, lakini tuliizika haki hiyo chini ya uongo wetu. Mdogo wangu alidhulumiwa mara mbili: na mumewe, kisha na mimi kaka yake. Yeye amenipa ruhusa kuyaandika haya.

Uislamu haumnyimi aliyedhulumiwa kulalamika

Kabla ya kwenda mbele, nataka jambo moja lieleweke. Makala haya hayamwambii mwanamke anayepigwa akae kimya kwa jina la subira. Wapo wanaosema kwamba kupeleka mambo ya ndani nje ni kuvunja stara ya ndoa. Maneno hayo yamewafikisha wengine kaburini.

Katika Suratun-Nisaa (4:148) Allah (sw) ameeleza kwamba hapendi maneno mabaya yatangazwe, kisha akamvua katika hukumu hiyo mtu aliyedhulumiwa. Suratul-Mujadilah inaanza kwa habari ya mwanamke, Khawla bint Tha'labah, aliyemlalamikia Mtume (saw) juu ya mumewe, na Allah (sw) akasema ameyasikia maneno yake. Naye Habiba bint Sahl alisimama mlangoni kwa Mtume (saw) alfajiri, giza bado halijatoka, kumlalamikia mumewe Thabit bin Qays. Katika riwaya iliyopokewa na Abu Daud imetajwa kwamba Thabit alimpiga mpaka akamvunja. Mtume (saw) hakumrudisha akasubiri. Alimwita Thabit, akamwamuru apokee mali aliyompa mkewe, na wakaachana.

Tuzingatie hapa. Aliyeitwa ni Thabit. Hatukusikia kwamba mama yake au dada zake waliitwa kujibu kosa lake.

Kila mtu na mzigo wake

Msingi wa pili ni kwamba dhambi haihami. Katika Suratul-An'aam (6:164) tunafundishwa kuwa hakuna nafsi itakayobeba mzigo wa nafsi nyingine. Ikiwa mbele ya Allah (sw) mama habebeshwi kosa la mwanawe mtu mzima, sisi tumepata wapi ruhusa ya kumbebesha mbele ya polisi?

Watu husema: "Lakini wao ndio waliomlea hivyo" au "walijua wakanyamaza". Kulea vibaya na kunyamaza kunaweza kuwa dhambi, na Allah (sw) atawauliza. Lakini kumsingizia mtu kwamba alishika mikono ni habari nyingine kabisa. Katika Suratul-Maidah (5:8) tumeonywa kwamba kuwachukia watu kusitupeleke katika kutowafanyia uadilifu. Aya hiyo haisemi tuwapende wakwe zetu. Inatutaka tuwafanyie haki hata tunapowachukia.

Katika Hadith ya Abu Bakra, waliyoipokea Bukhari na Muslim, Mtume (saw) alikuwa akiyataja madhambi makubwa hali ameegemea. Alipofika kwenye ushahidi wa uongo aliinuka akakaa, akalirudia neno hilo mara nyingi mpaka Maswahaba wakatamani anyamaze. Na katika Hadith ya Ummu Salama alieleza kwamba yeye ni mtu, anahukumu kwa anavyosikia, na huenda mmoja wa wagombanao ni hodari zaidi wa kujieleza. Basi anayehukumiwa haki ya nduguye amekatiwa kipande cha moto. Sisi wenye kalamu nyepesi tuiogope Hadith hii kuliko wengine.

Mkwe bora kuliko wote

Tukitaka kujua nafasi ya mkwe katika ugomvi, tumuangalie Mtume (saw) mwenyewe. Sahl bin Sa'd anasimulia, katika Bukhari na Muslim, kwamba siku moja Mtume (saw) alikwenda nyumbani kwa Fatima (ra), asimkute Ali (ra). Akauliza yuko wapi. Fatima akajibu kuwa palitokea jambo baina yao, Ali akakasirika akatoka. Mtume (saw) hakuuliza nani kaanza wala hakuwaita ndugu. Alimtafuta Ali, akamkuta msikitini amelala, nguo imemteleza ubavuni na vumbi limemwingia. Akampangusa vumbi kwa mkono wake huku akimwita Abu Turab, ainuke.

Huyo ni baba wa mke. Wazazi wangapi leo wakiambiwa na binti yao kwamba wamegombana na mume, hatua yao ya kwanza ni kumpangusa vumbi mkwe? Wengi swali la kwanza ni: "Amekugusa wapi? Twende." Tukumbuke tu kwamba baina ya Fatima na Ali (ra) palikuwa na maneno, hapakuwa na kipigo. Palipokuwa na kipigo tumeona alivyofanya kwa Habiba. Kila jambo na mlango wake.

Kwa mgogoro wa maneno, matumizi na tabia, Qur'an (4:35) imeweka utaratibu: atumwe mwamuzi mmoja kutoka kwa jamaa wa mume na mmoja kutoka kwa jamaa wa mke, nao wakitaka sulhu Allah atawawezesha. Jamaa wa pande zote mbili ndio hao hao wakwe! Qur'an imewateua kuwa waamuzi, sisi tunawaandikisha kuwa washitakiwa. Mama mkwe akishalala mahabusu, nani atakuja kukaa naye meza moja?

Sheria ya nchi nayo inasemaje?

Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema wazi kwamba hakuna mwenye ndoa anayeruhusiwa kumpa mwenzake adhabu ya viboko au kipigo, hata iweje mila. Kwa hiyo kipigo ni jinai, na polisi ni mahala pake. Dawati la Jinsia na Watoto limewekwa katika vituo vya polisi kwa ajili hiyo.

Lakini sheria hiyo hiyo imetaka kwamba mwenye kutaka talaka mahakamani apite kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi la Ndoa, isipokuwa katika hali maalum. Mali zilizochumwa pamoja zinagawanywa na mahakama kwa njia ya madai. Mwaka 1983, katika kesi ya Bi. Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, Mahakama ya Rufani ilikubali kwamba hata kazi za nyumbani za mke ni mchango wake katika mali hizo. Malezi ya mtoto na matumizi yake nayo ni madai. Kwa hiyo mke aliyehama na friji akiamini kwa dhati kwamba ni haki yake si mwizi, kwa sababu Kanuni ya Adhabu inamkinga mtu aliyechukua mali kwa imani ya kweli kuwa ni yake na bila nia ya kulaghai. Kumwita baba yake mpokeaji wa mali ya wizi ni kuwapotezea muda polisi na mahakama.

Yapo mambo mawili ambayo wengi hawayajui. Kwanza, kesi ya jinai huendeshwa kwa jina la Jamhuri. Ukishaifungua, huifuti kwa kuwa umesameheana na mkweo siku ya Idd. Ni kweli sheria ya mwenendo wa makosa ya jinai inairuhusu mahakama kuhimiza sulhu katika shambulio la kawaida na makosa ya kibinafsi, lakini uamuzi ni wa mahakama. Pili, kumpa mtumishi wa umma taarifa unayoijua kuwa ni ya uongo ni kosa la jinai lenyewe. Mimi na baba mdogo tulipokaa na kalamu ile, tulikuwa tunatenda kosa huku tukidai haki.

Fundisho kutoka India

Jambo hili halikuanza kwetu. Mwaka 1983 India iliongeza katika Kanuni ya Adhabu kifungu cha 498A, kilichokuwa kikimtia hatiani mume au jamaa wa mume anayemfanyia mke ukatili. Kilitungwa kwa sababu ya maana: mabiharusi walikuwa wakiteswa na kuuawa kwa ajili ya mahari wanayotakiwa kuyaleta kwa waume. Mauaji hayo hayajaisha. Takwimu za serikali ya India kwa mwaka 2022 zinaonyesha zaidi ya vifo 6,000 vya aina hiyo.

Pamoja na hayo, tarehe 2 Julai 2014 Mahakama Kuu ya Juu ya nchi hiyo, katika kesi ya Arnesh Kumar dhidi ya Jimbo la Bihar, iliwaagiza polisi wasikamate watu moja kwa moja chini ya kifungu hicho bila kupima kama kuna haja. Mahakama ilieleza kuwa kuna kesi ambazo wamekamatwa mababu na mabibi walio kitandani, na dada za mume wanaoishi nje ya nchi miaka mingi. Mwezi Februari 2022 mahakama hiyo hiyo, katika shauri la familia ya Kiislamu kutoka Bihar, iliwafutia mashitaka wakwe kwa sababu walituhumiwa kwa jumla tu, bila kuelezwa kila mmoja alitenda nini.

Tunajifunza nini? Kwamba wakwe wakatili wapo, na sheria kali inahitajika. Na kwamba kila anayemwongeza asiyehusika anawapa watu sababu ya kumtilia shaka mwanamke atakayefuata na majeraha ya kweli.

Tufanye nini?

Kwanza, mwenye kujeruhiwa au kutishiwa maisha aende polisi na hospitali siku hiyo hiyo. Asisubiri kikao cha ukoo. Na mkwe aliyeshiriki kweli kupiga, ashitakiwe kwa alilolifanya.

Pili, ataje waliotenda tu, na kila mmoja kwa tendo lake: nani, lini, wapi, kwa nini anajua. Kama hawezi kujibu maswali hayo juu ya mtu fulani, jina hilo lisiandikwe. Qur'an (49:6) inatutaka tuhakikishe habari tusije tukawadhuru watu kwa kutojua, kisha tukajuta.

Tatu, masuala ya vyombo, kiwanja, matumizi na mtoto yapelekwe kwenye usuluhishi, na yakishindikana yaende mahakamani kama madai.

Nne, wazazi wa mume wasimkingie kifua mwana anayepiga. Suratun-Nisaa (4:135) inatutaka tusimamie uadilifu na tutoe ushahidi kwa ajili ya Allah hata dhidi ya nafsi zetu, wazazi na jamaa. Familia inayomwambia mkamwana aliyevimba uso kwamba "ndoa ndivyo zilivyo" inamfundisha kuwahesabu wote kuwa adui. Malalamiko mengi dhidi ya wakwe yana mzizi hapo.

Tano, maimamu na walimu tusikubali kuwa waandishi wa maelezo ya watu. Tuwasikilize, tuwaelekeze, lakini waseme wenyewe walichokiona.

Hitimisho

Baada ya kesi ile kuanguka nilikaa miezi kadhaa bila amani. Mwishowe nilipanda basi mpaka Kondoa kumuomba radhi mama yule. Baba mdogo alikataa kufuatana nami. Mama alinikaribisha, akanipa maji, akanisikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema: "Mwalimu, mwanangu namjua mkono wake. Mngenijia mimi kwanza, ningekuja mahakamani kusema ninayoyajua."

Sikuwa na jibu. Tulikuwa na shahidi mwadilifu, tukamfanya mshitakiwa. Mdogo wangu sasa ameachika na anaishi nasi. Mwanawe ana miaka sita, na huwa anauliza kwa nini haendi tena kwa bibi Kondoa. Likizo ijayo, Inshaallah, nitampeleka mwenyewe.

Tunamuomba Allah (sw) atulinde na kudhulumu na kudhulumiwa, na aisafishe mioyo yetu na ndimi zetu. Wallahu a'alam.